Hawakuandika kwamba alidanganya

Najua nimepotea. Mara ya mwisho niliandika humu kuhusu bumu kuchelewa na jinsi sisi wa chumba chetu tulivyoishi kwa michembe wiki nzima kama wasafiri wa jangwani. Leo sina vichekesho. Kuna jambo limenikaa kooni tangu likizo, desa halipandi, na UE inaanza wiki ijayo. Nalitoa hapa labda nitapumua. Ni refu kidogo, vuteni viti.

Kwanza kabisa, mdogo wangu nitakayemzungumzia ameniruhusu niandike. Tumekubaliana nisitaje jina lake, wala kijiji, wala mahakama. Na yule bwana pia simtaji. Mtaelewa kwa nini mkifika mwisho.

Nilikuwa darasa la saba, nina miaka 13. Mdogo wangu, binti wa mama mdogo, alikuwa na miaka 11, yupo darasa la tano, na tulikuwa tunaishi nyumba moja. Kijiji chetu kipo kwenye ile njia ya zamani ya misafara, ile iliyotoka Bagamoyo ikapita Mpwapwa na Kilimatinde, ikaingia hapa Unyanyembe na kuendelea mpaka Ujiji. Ukiona miembe mikubwa imejipanga kama inasubiri basi, ujue njia ilipita hapo. Wazee wanasema ni kokwa walizotupa wapagazi na watumwa wakitembea. Sisi tulikuwa tunaijua tu kama miembe ya kuokotea maembe.

Jioni moja mdogo wangu alichelewa kurudi. Nilimkuta nyuma ya nyumba amekaa chini, hasemi. Nikamuuliza mara mbili. Akasema, "Dada, baba nanihii amenifanyia tabia mbaya." Alimtaja jina, mtu tunayemwamkia kila siku. Hakusema zaidi ya hapo na mimi sikuuliza zaidi ya hapo. Nilimshika mkono nikampeleka kwa mama. Usiku huohuo tukaenda polisi, tukapewa PF3, asubuhi hospitali.

Miezi ikapita, tukaitwa mahakamani. Nakumbuka benchi lilikuwa refu na miguu yangu haikuwa inafika chini vizuri. Nakumbuka hakimu alikuwa na miwani na alikuwa anaandika muda wote, unasema neno moja yeye anaandika mstari mzima. Aliniuliza nina miaka mingapi, nasoma darasa la ngapi, nasali wapi, kama najua kusema uongo ni vibaya. Nikajibu. Halafu nikaeleza. Mdogo wangu naye alieleza, kwa sauti ndogo sana. Bwana yule akapewa miaka 30. Mama alilia, na mke wa yule bwana alilia pia, nje, kwenye jua, na watoto wake wamemzunguka. Hiyo picha sijawahi kuisahau.

Nikiwa kidato cha tatu, bwana yule akarudi kijijini. "Ameshinda rufaa." Hakuna aliyetueleza zaidi ya hapo. Kijiji kikajieleza chenyewe: si mliona? Alisingiziwa. Mtoto alifundishwa kusema. Mama mdogo akafungasha akahamia mjini na mwanawe. Mdogo wangu hakuwahi kuuliza chochote, na sisi tukajifanya kutokuuliza kwake ni kupona.

Sasa turudi likizo iliyopita. Rumeti wangu anasoma sheria (mimi ualimu, Kiswahili na Historia, mnanijua). Alikuwa ananionyesha TanzLII, ile tovuti ambako hukumu za mahakama zetu zinawekwa, mtu yeyote anasoma bure. Tukawa tunacheka vimaneno vya Kilatini. Halafu mkono wangu wenyewe ukaandika jina la yule bwana.

Ikaja. Kurasa chache, Kiingereza kitupu. Mdogo wangu hana jina humo, ameandikwa kama shahidi wa kwanza, na hilo ni jema, mahakama huficha majina ya waliotendewa. Mama ni shahidi wa pili. Mimi ni shahidi wa tatu. Jamani, kujisoma kama shahidi wa tatu ni kitu cha ajabu. Maneno yangu ya utotoni yamegeuzwa Kiingereza kizuri ambacho hata leo siwezi kukiongea. Halafu ukurasa unaofuata, mstari mmoja: ushahidi wa shahidi wa kwanza na wa tatu unaondolewa kwenye kumbukumbu.

Rumeti aliniambia nifunge kompyuta. Sikufunga. Nikamwambia, nifundishe. Tulikesha. Nitajaribu kuwaeleza nilichoelewa, wanasheria mlioko humu mnisahihishe taratibu.

Mwaka 1998 Bunge lilitunga Sheria ya Makosa ya Kujamiiana, Sheria Namba 4 ya mwaka huo. Ndiyo iliyoleta kifungo kisichopungua miaka 30 kwa ubakaji, na kifungo cha maisha kama mtoto yuko chini ya miaka kumi. Ilibadilisha pia Sheria ya Ushahidi, kwenye kifungu kilichojulikana kwa miaka mingi kama cha 127. Tangu hapo, neno la mtoto au la aliyetendewa linaweza kumtia mtu hatiani hata likiwa peke yake, ilimradi hakimu aridhike kwamba ni kweli tupu na aandike sababu za kuridhika kwake. Shikeni hilo neno, aandike.

Mwaka 2006 Mahakama ya Rufani ikatoa hukumu ambayo kila mwanafunzi wa sheria anaijua, ya Selemani Makumba. Ilisema ushahidi wa kweli wa ubakaji unatoka kwa aliyebakwa mwenyewe. Hukumu hiyo inatajwa kila mahali, mpaka leo.

Lakini kabla mtoto hajaongea lazima apite mlangoni. Zamani mlango ulikuwa mahojiano ya kumpima kama ana akili ya kutosha na anajua maana ya kiapo. Mwaka 2016 sheria nyingine (nayo ni Namba 4, ajabu eh?) ikabadilisha. Mtoto asiyezidi miaka 14 anaweza kutoa ushahidi bila kiapo, ila kabla ya kuanza lazima aahidi kusema kweli na kutosema uongo. Mwaka 2019, katika kikao cha Bukoba, Mahakama ya Rufani ikafafanua mtoto aulizweje: umri wake, dini yake na kama anaelewa maana ya kiapo, na kama anaahidi kusema kweli. Na ahadi hiyo ionekane kwenye kumbukumbu. Isipoonekana, ushahidi haukuwa na thamani.

Ndicho kilichotupata. Hakimu aliandika kwamba mtoto anaelewa wajibu wa kusema kweli. Hakuandika kwamba mtoto ameahidi. Maneno ya mdogo wangu yakatoka. Ya kwangu yakatoka, na mimi ndiye niliyesikia jina la yule bwana saa ileile, na mahakama hulipa uzito mkubwa jambo la kumtaja mtuhumiwa mapema. Kilichobaki ni mama, ambaye aliambiwa tu, na daktari, ambaye anaweza kusema mtoto ameumizwa lakini hawezi kusema na nani. Kwa nini kesi isianze upya? Kuna kanuni ya tangu 1966, ya Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ya wakati ule: kesi hairudiwi ili upande wa mashtaka upate nafasi ya kuziba matundu yake. Bwana yule akaachiwa huru.

Swali ninalojua mnaniuliza: wewe dada, uliahidi au hukuahidi?

Nimejiuliza hilo usiku mwingi. Naamini niliahidi. Nasikia kabisa sauti yangu ikisema, "Naahidi nitasema kweli." Lakini ile sauti naisikia tangu likizo, tangu niliposoma kwamba ilitakiwa iwepo. Kabla ya hapo nilikuwa nakumbuka benchi na miwani tu. Sasa mimi, mtu mzima, msomi mtarajiwa, siwezi kuapa kuhusu sentensi iliyotoka kinywani mwangu mwenyewe. Nikiitwa leo kusimama mbele ya majaji watatu, wakili akanibana kidogo tu, nitaanguka. Hapo ndipo nilipoanza kuwaelewa majaji, na sikufurahi kuwaelewa.

Kwa sababu kwenye rufaa hakuna mtu, jamani. Kuna karatasi. Jaji hakuuona uso wa mdogo wangu, hakumsikia alivyonyamaza katikati ya sentensi. Anachosoma ni kile hakimu alichokiandika, na kwa mahakama za juu ya mahakama ya mwanzo, mpaka sheria ilipobadilishwa mwaka 2021 kuleta Kiswahili, alichokiandika kilikuwa Kiingereza cha maneno tuliyoyasema kwa Kiswahili. Maneno ya mtoto wa darasa la tano yamepita kwenye masikio, kwenye lugha ya pili, kwenye kalamu, kisha ndiyo yapimwe.

Na nisiwe mnafiki. Kuna wakati hizo kanuni nazitaka. Pale kwenye vimbweta tukigusa kesi ya Babu Seya, lazima mchana uishe. Mwaka 2004 yeye na wanawe watatu walihukumiwa kifungo cha maisha kwa kubaka watoto wa shule ya msingi Dar es Salaam. Februari 2010 Mahakama ya Rufani ikawaachia wanawe wawili, yeye na Papii Kocha wakabaki ndani. Desemba 2017 Rais Magufuli akawasamehe. Mwaka 2018 Mahakama ya Afrika pale Arusha ikaona baadhi ya haki zao za kujitetea zilivunjwa. Kila mtu kwenye kimbweta ana uhakika, na kila mmoja ana uhakika wake. Sasa fikiria miaka 30 au maisha inategemea uhakika wa kimbweta! Mahakama yenyewe, mwaka 2019 huko Iringa, ilisema kanuni ya Makumba haikukusudia neno la aliyetendewa lichukuliwe kama msahafu, lazima nalo lipimwe kama ni kweli. Nikikumbuka yule mama aliyelia juani na watoto wake, nasema sawa, lipimwe. Kama ningekuwa na kaka aliyesingiziwa, ningetaka lipimwe mara kumi.

Ila letu halikupimwa. Hiyo ndiyo tofauti iliyonichoma. Kupima ni kuliweka kwenye mizani. Letu lilizuiwa mlangoni kwa sababu aliyekuwa mlangoni hakujaza daftari.

Na kuna la kuumiza zaidi. Mwaka 2022, kikao cha Mwanza, Mahakama ya Rufani iliyoweka masharti ya ahadi ilisema kwamba hata kama ahadi haikuchukuliwa ipasavyo, kifungu chenyewe kinairuhusu mahakama kumtia mtu hatiani ikiridhika kwamba mtoto alisema kweli. Rufaa yetu ilishapita. Simlaumu mtu. Ila nimewahi kulala nikihesabu: kama lile faili lingechelewa miaka miwili tu kwenye kabati, lingefika penye mizani.

Mnajua kingine kinachonisumbua kama mwanafunzi wa Kiswahili? "Tabia mbaya." Sisi tumefundishwa nyumbani kwamba mtoto mwenye adabu hataji sehemu za mwili. Halafu tunampeleka mahakamani, na sheria inasema lazima uthibitike uingiliaji, hata kidogo, siyo kusema tu "nilibakwa". Zipo rufaa zilizoshinda kwa sababu shahidi alisema kwa ujumla bila kueleza kilichofanyika. Kwa bahati zipo hukumu nyingine, za miaka ya 2010, ambazo majaji walikiri kwamba watu wetu husema mambo hayo kwa tafsida kwa sababu ya malezi, dini na mila, na mahakama isijifanye haielewi. Lakini mtoto hajui atampata jaji wa aina gani. Nafundishwa tafsida darasani kama pambo la lugha. Sikuwahi kufikiri kwamba tafsida inaweza kumfungua mtu pingu.

Na Historia nayo. Wiki iliyopita tulikwenda Kwihara kwenye tembe la Livingstone, ziara ya somo. Mwongozaji anaeleza vizuri, Livingstone na Stanley walikaa hapa mwaka 1872, shajara hii, barua ile. Burton ameandika, Speke ameandika, Stanley ameandika, hata Tippu Tip alieleza maisha yake yakawa kitabu kwa Kiswahili. Nikasimama chini ya mwembe nikawaza, na waliopita hapa wamefungwa? Wanawake, watoto wa miaka 11? Waliona yote, na tunachokijua juu yao karibu chote kimepita kwenye kalamu ya mtu mwingine. Wenzangu wakawa wanapiga picha. Mimi nilikuwa namuwaza shahidi wa kwanza.

Jumamosi nilikwenda Ng'ambo kwa mama mdogo. Nilikuwa nimeitafsiri ile hukumu kwa Kiswahili, kwa mkono, kurasa kumi na mbili za daftari. Mdogo wangu sasa ni binti mkubwa, ananizidi urefu. Tulikaa uani, anachambua mchele, nikamsomea. Hakunikatisha hata mara moja. Nilipomaliza akauliza:

"Dada, kwa hiyo waliandika kwamba nilidanganya?"

"Hapana. Hawakuandika hivyo popote."

"Hata sehemu moja?"

"Hata moja. Wameandika kwamba hakimu hakuandika ahadi yako."

Akaendelea kuchambua mchele. Baada ya muda akasema, "Mimi miaka yote nilijua majaji wamesema mimi mwongo." Halafu akasema nimwachie lile daftari. Nikamwachia.

Wadau, miaka yote hiyo. Na hakuna hata mmoja wetu, wenye kujua kusoma, aliyemwambia kwamba "haikuthibitika" siyo sawa na "alidanganya". Kijiji kilisoma hukumu ambayo haikuandikwa. Na upande wa pili, sheria inasema yule bwana ni mtu huru asiye na hatia, na ndiyo sababu sijamtaja na msije mkamtafuta. Ninayajua ninayoyajua. Lakini nikimhukumu humu nitakuwa nafanya kilekile kilichofanywa na kijiji.

Basi mimi ni mwalimu mtarajiwa, na wengi mnaosoma hapa ni walimu watarajiwa. Mwakani tutatawanyika Uyui, Sikonge, Urambo, Kaliua, kila mtu na begi lake. Mara nyingi wa kwanza kuambiwa ni mwalimu. Nimenunua daftari dogo la kaunta, linakaa kwenye mkoba. Siku mtoto akinijia, sitamhoji kama polisi wala sitamlisha maneno. Nitamsikiliza, nitampeleka panapohusika siku hiyohiyo, na nitaandika: tarehe, saa, alisema nini, kwa maneno yake mwenyewe, hata kama ni "tabia mbaya" tu, na alimtaja nani. Rejesta ya shule nayo tuiheshimu. Hapahapa Tabora, mwaka 2016, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba umri wa mtoto unaweza kuthibitishwa na mtoto mwenyewe, mzazi, ndugu, daktari au cheti, na kwamba hata mazingira, kama darasa alilopo, yanaweza kusaidia. Kumbe ile rejesta tunayoijaza tukisinzia ina kazi.

Na mtoto akiitwa mahakamani nitamwambia kitu kimoja tu, hakimu asikie na wakili wa serikali asikie: wakikuuliza kama unaahidi kusema kweli, sema kwa sauti. Halafu mimi nitabaki pale nikitazama ile kalamu.

Naishia hapa. Rumeti ananiita tukasome, nina somo moja sitaki kabisa kulipatia sapu. Mkitoa maoni, tafadhali msiulize ni kijiji gani.

Tupo pamoja.